Mtani Aliyeomba Radhi

1

Kikoti alifika dukani kwa Gaudensia asubuhi ya Jumanne, kabla mwenye duka hajamaliza kufungua madirisha, na akagoma kukaa. Alisimama mlangoni amevua kofia, mtu mzima na mvi zake, akasema amekuja kushtaki.

"Nakushtakia kaka yako. Osmund ameniomba radhi."

Gaudensia alicheka. Angefanya nini kingine? Huyu Kikoti ni Mhehe wa Kalenga, yeye na kaka yake ni Wangoni wa Peramiho, na Iringa nzima inajua Mhehe na Mngoni wakikutana mambo huwaje. Mababu walichinjana mpaka wakachoka, wakaugeuza uadui ule kuwa utani, na tangu hapo mmoja humwita mwenzake mateka, mwenzake humrudishia neno baya zaidi, watu wanashika mbavu, siku inaanza. Kikoti alikuwa amekaa kwenye kona ya Osmund miaka kumi na minne, akimfuta damu, akimpaka mafuta ya mgando usoni, akimmwagia maji kichwani, na kwa miaka yote hiyo hakuna zoezi lililoanza kabla hajamuuliza nani kamfungua kamba. Osmund Mapunda naye, bondia ambaye magazeti yalimwita Kisiki kwa kuwa hakuna aliyewahi kumng'oa, alikuwa na jibu lake moja lisilochakaa: alikuwa na mbwa mzuri, mbwa akapotea, na siku ile ile nyumbani kwa Kikoti paliliwa nyama.

Sasa Kikoti hakuwa anacheka. Alieleza kwamba miezi ya karibuni jibu lilikuwa linachelewa, baadaye likawa kicheko tu, naye akadhani ni mawazo ya pambano. Halafu jana alimkuta Osmund kambini anafunga bandeji mikononi, akamwambia kama ada, wewe mateka, nani kakufungua kamba? Osmund akainua uso, akamtazama kwa upole, akamwambia samahani kaka Kikoti, kama kuna mahali nimekukwaza. Waliokuwa wanapiga begi wakaacha. Kikoti akadhani hakusikika vizuri, akaongeza chumvi, akamsimanga mpaka babu yake. Osmund akaomba radhi tena, vizuri zaidi, kwa Kiswahili cha msoma taarifa ya habari.

"Mtu anakuchukia mpaka anakuheshimu," Kikoti alisema. "Nimemfanyia nini, mtani? Kama ni ile raundi ya saba kule Mbeya, nilishakiri, ningerusha taulo mapema. Mwambie nitaleta hata kuku. Ila asiniombe radhi."

Gaudensia alikuwa ameshika bisibisi ndogo ya kazi, anaizungusha vidoleni, anaizungusha, na hakujua aliacha kucheka saa ngapi. Alijua ugonjwa ulipo kabla mtu huyu hajamaliza kusema. Alimwambia atazungumza na kaka yake, pengine ni uchovu wa mazoezi, asiutie moyo uzito. Kikoti alimshukuru, akavaa kofia, akaondoka bila kumtania hata yeye.

2

Alifunga mlango kwa ndani. Akachemsha chai akaisahau, akachemsha nyingine, nayo ikapoa mezani wakati yeye anazunguka kaunta. Kioo cha kusomea kumbukumbu za vifaa kilikuwa kwenye droo ya pili, palepale siku zote, na ilimchukua nusu saa kukubali kwamba anajua kilipo.

Duka lile lilitengeneza vifaa vya kusikia, lakini wateja wa Njombe na Makambako walimfuata kwa ajili ya kinong'onezi. Hicho ni kidude cha ukubwa wa punje ya ulezi, kinapachikwa nyuma ya sikio juu ya mfupa, na kilibuniwa kwa ajili ya wazee wanaosahau. Kinasikiliza anachoulizwa mtu, kinapekua maneno yake mwenyewe ya zamani, simu zake na porojo zake zote zilizorekodiwa, kisha kinamnong'onezea jibu nusu sekunde kabla hajafungua mdomo. Mwenyewe hasikii sauti. Anaona amekumbuka. Ni kama kwaya ya kanisani, asiyejua maneno anasimama karibu na anayejua, anamfuata nyuma kidogo tu, na padri hatambui.

Kwa mabondia kilikuwa marufuku, na sababu haikuwa ya kubishaniwa. Walikuwa wamekufa watatu mwaka mmoja, vijana, wote wakiwa wameishi miaka yao ya mwisho kama watu waliopotea ndani ya nyumba zao. Ugonjwa wenyewe ni mjanja. Kila ngumi ya kichwa, hata ile isiyomwangusha mtu, inautikisa ubongo, na mle ndani protini mbovu inaanza kujirundika na kuua chembe moja baada ya nyingine, miaka na miaka. Kwenye picha za hospitali hauonekani sawasawa. Wanaouona kwa hakika ni wanaopasua maiti. Lakini ulimi huwahi kusema. Sentensi zinafupika, majina yanapotea, kila kitu kinakuwa "kile kidude". Ndiyo maana Baraza la Ngumi liliacha kupiga vichwa picha, likaanza kuongea na watu. Dakika arobaini, kila miezi sita. Asiyefaulu Mazungumzo havai glovu tena. Kifaa cha kusikia kiliruhusiwa, mradi kina cheti.

Cheti cha Osmund kilikuwa na sahihi ya Gaudensia.

Miaka miwili nyuma wifi yake Sabina, mke wa Osmund, aliingia dukani hapo amembeba binti yake Editha, mtoto akiwa na mkono uliobabuka kuanzia kiwiko mpaka kiganja. Osmund alikuwa amepiga teke sufuria ya maharage jikoni. Alitaka chumvi, na neno chumvi halikuja. Baadaye alilia sakafuni mpaka akalala hapohapo, na kesho yake hakukumbuka. Basi Gaudensia alimfuata kaka yake nyumbani, akamwambia sikio la kushoto limekufa tangu Mbeya, akampachikia "kifaa cha kusikia". Maneno ya Osmund yaliyorekodiwa hayakutosha, mtu mwenyewe hakuwa msemaji, kwa hiyo akajazia na sauti za marehemu baba yao. Akawasha na kipengele cha kuzuia ugomvi: maneno makali yakisikika karibu yake, kidude kinampa maneno laini. Sabina alipata mume wake. Mtoto akaacha kujificha. Gaudensia alijisifu, tusifiche, alijisifu sana. Na yeye, Mngoni aliyekua kwa kutaniwa na kila Mhehe wa mtaa, alisahau kukifundisha kidude kile utani.

Mwezi wa kwanza, katika kila maneno mia aliyosema Osmund, tisa yalitoka kwenye kinong'onezi. Alikuwa anaangalia hesabu hiyo kila wiki, kisha kila mwezi, kisha akaacha, maana alikuwa anaogopa. Leo aliwasha kioo akaisoma mara tatu. Sabini na nne.

Mazungumzo yalikuwa Alhamisi. Pambano lilikuwa Jumamosi ya wiki inayofuata, Dodoma, raundi kumi na mbili, na mpinzani alikuwa na miaka ishirini na tatu na mkono wa kulia ambao hakuna aliyeupenda. Kidude kilikuwa kinamsaidia kusema. Kukwepa ngumi hakikujua.

Alichukua funguo aende kwa kaka yake, amwambie ukweli, amuulize anataka nini. Alifika hadi mlangoni akasimama. Akimuuliza, nani atajibu? Kidude kitalisikia swali, kitapekua, kitachagua maneno mazuri yasiyomuudhi mtu, na Osmund atayasema akiamini ni yake. Alikaa chini na funguo zake. Akainuka tena. Akatoka.

3

Aliwakuta nyumbani kwao Ipogolo mchana. Osmund alikuwa uani anamenya viazi, mikono ile iliyoangusha wanaume ishirini na sita ikizungusha kisu taratibu. Alimkaribisha vizuri, akauliza habari za mtaani kwake Mlandege, akauliza kama bado wanasumbuliwa na maji. "Mungu ni mwema," alisema, "tunausukuma mwaka." Gaudensia alimtazama mdomoni. Hilo lilikuwa neno la baba yao, na pumzi aliyoivuta kabla ya kulisema ilikuwa ya baba yao. Alimwona mtu anamenya viazi akiongea kwa ulimi wa maiti, na aliyefanya hivyo ni yeye.

Alimfuata Sabina jikoni, akamweleza kwa sauti ya chini, Kikoti, hesabu, yote. Sabina alisikiliza huku anaosha bakuli moja ambalo lilikuwa safi tangu mwanzo.

"Wifi, usikiguse," alisema.

"Anakwenda kupigwa kichwani raundi kumi na mbili, Sabina. Hicho kilichobaki ndicho kitakachokwisha."

"Apigane hilo moja, astaafu kwa heshima, akae nyumbani na kifaa chake."

"Na akifia ulingoni?"

Sabina aliweka bakuli chini. Alisema si kwamba hajawaza. Anawaza akiamka, anawaza akiwa sokoni. Lakini yeye Gaudensia alikuja siku moja na bisibisi yake, akapachika, akarudi dukani, na aliyebaki ndani ya nyumba hii ni nani? Nani alikuwa anaficha visu? Mtoto ana kovu la mkono mzima na bado anamkimbilia baba yake mlangoni, kwa sababu ya kidude hicho. "Ukikitoa," alisema, "ananitazama mimi kama mpita njia. Kabla hujakiweka alikuwa ameshalipoteza jina langu, wifi. Sikuwaambia. Alikuwa ananiita 'wewe'."

Kutoka uani Osmund aliuliza kama viazi hivi vinatosha au aongeze, kwa sentensi ndefu iliyonyooka, na wanawake wawili walitazamana kisha wakatazama pembeni. Waliachana bila kuelewana. Usiku ule na uliofuata Gaudensia aliugeuza mto, na asubuhi ya Alhamisi alitia kidhibiti cha kuwashia na kuzimia kinong'onezi kwa mbali kwenye mkoba wake bila kujiambia ni cha nini.

4

Mazungumzo yalifanyika kwenye ukumbi wa Baraza, Gangilonga. Sheria iliruhusu familia kukaa nyuma, na ilimlazimu mtu wa kona kuwapo. Kikoti alikuwa ameketi ukutani peke yake, mfuko wa koti umevimba kwa kitu. Osmund alimwamkia kwa heshima. Kikoti aliitikia akitazama viatu vyake.

Daktari alikuwa mama wa Kipare, Nasra Mbwambo, mwenye sauti ya chini na macho yasiyo na haraka. Alisoma cheti cha sikio, akakiweka kando. Mezani kulikuwa na kipokea sauti, na nyuma yake ukutani mstari wa kijani ulipanda na kushuka kufuata maneno ya Osmund: upana wake ni wingi wa maneno, kimo chake ni jinsi yanavyoshikana. Mgonjwa mstari wake hubonyea katikati kama godoro la zamani.

Wa Osmund haukubonyea. Aliulizwa pambano lake la kwanza, akalisimulia na mvua yake na mwamuzi aliyelewa. Aliulizwa angemfundishaje kufunga bandeji mtu asiyewahi kuiona, akaeleza kidole kwa kidole. Sabina alikuwa amefumba macho, midomo inacheza, anasali. Gaudensia alikuwa ameingiza mkono mkobani, kidole gumba kwenye kitufe. Dakika ya kumi alijiambia nitabonyeza dakika ya ishirini. Ya ishirini ikapita. Alikuwa anauona mkono wa Editha, anauona mkono wa kulia wa yule kijana wa Dodoma, na kidole hakisogei. Dakika ya thelathini na nane Daktari Nasra alikuwa ameshaitoa leseni ya ngumi ya Osmund na kufungua kisanduku cha muhuri, na Gaudensia hakuwa amebonyeza kitu. Alijichukia, ila alikuwa bado anaogopa zaidi ya alivyojichukia.

"Mtu wa kona ana neno?" daktari aliuliza. Ilikuwa desturi tu. Kwa kawaida mtu wa kona husema hana.

Kikoti alisimama. Alitembea mpaka mezani, akatoa mfukoni kipande cha kamba ya katani, akakibwaga mbele ya Osmund, kisha akainyakua leseni kutoka chini ya mkono wa daktari. Mtani ana haki ya kunyakua. Ndivyo wanavyofanya hata misibani na harusini. Gaudensia alielewa kwamba mtu huyu hakuja kufichua chochote. Alikuwa amekuja kumrudisha rafiki yake, kwa njia pekee aliyoijua.

"Daktari, huyu hapewi karatasi," Kikoti alisema kwa sauti kubwa. "Ni mateka wetu tangu enzi za mababu, na kamba yake ni hii hapa. Muulize, nani kamfungua?"

Daktari Nasra naye ana watani wake. Aliweka muhuri chini, akaegemea kiti, akatabasamu kusubiri jibu.

Osmund alisimama taratibu. "Samahani, kaka Kikoti, kama kuna mahali nimekukwaza," alisema. "Mungu ni mwema. Tusameheane."

Ukutani mstari ulikuwa umenyooka juu, mzuri kuliko yote ya asubuhi ile. Mkono wa Kikoti ulioshika leseni ulishuka mpaka ubavuni. Uso wake ulikuwa wa mtu aliyebisha hodi nyumbani kwake, akafunguliwa na mgeni. Daktari aliacha kutabasamu, akauliza hawa wawili wamejuana miaka mingapi.

Gaudensia alibonyeza.

Hakuna kilicholia. Osmund alikuwa amefungua mdomo kuendelea, na mdomo ukabaki wazi. Aligusa nyuma ya sikio. Alitazama dari, akaitazama kamba, akatazama mikono yake. Mstari ukutani ulilala chini kabisa. Sabina alimshika wifi yake kifundo cha mkono, akakibana kwa nguvu zote, kucha zikaingia, na Gaudensia hakuuvuta mkono wake.

Nusu dakika ilipita. Gaudensia alilijua jibu! Mbwa, kaka, sema mbwa. Lilikuwa kwenye ncha ya ulimi wake, lilikuwa linamwasha, na ndipo ilipomwingia kwamba hiyo ndiyo kazi aliyoifanya miaka miwili, kumsemea, na kwamba katika miaka hiyo miwili hakuna siku hata moja aliyomsubiri. Aliuma mdomo. Dakika moja. Jasho lilimtoka Osmund kwenye paji kama yuko raundi ya kumi. Daktari hakumharakisha. Kikoti hakusogea hata unyayo. Dakika na nusu.

"Mb..." Osmund alisema. Akafunga macho. "Mbwa."

Kikoti alishusha pumzi.

"Mbwa wangu. Ulimla." Alikuwa anayatoa moja moja, kama mtu anayeokota shilingi gizani. Akanyamaza tena, muda mrefu, watu wakadhani amemaliza. Kisha kona ya mdomo wake ikapanda. "Rudisha... mkia."

Miaka kumi na minne ya utani, na mkia hajawahi kuudai. Gaudensia alikuwa amezisikiliza rekodi zote, za Osmund na za baba yao, na neno hilo halimo humo. Neno lile halikutoka popote isipokuwa kichwani kwa kaka yake, siku ile, saa ile. Kikoti alicheka mpaka akashika meza, akacheka machozi yakamwagika, akasema mkia aliupa paka, mtumwa huyu, mkia aliupa paka. Osmund alikuwa anamtazama anavyocheka na yeye mwenyewe anang'aa uso mzima.

Daktari Nasra alisubiri wamalize. Aliandika kitu, akachukua leseni mkononi kwa Kikoti, akaiweka ndani ya faili bila kuigonga muhuri.

"Bwana Mapunda, maneno sita kwa dakika mbili," alisema kwa upole. "Hutapigana tena. Pole sana." Halafu akageukia nyuma. "Cheti hiki cha sikio alisaini nani?"

"Mimi," Gaudensia alisema, akasimama.

Aliambiwa afike mbele ya Baraza Jumatatu na vibali vyake vyote vya kazi. Aliitikia. Hakuwa anamtazama daktari; alikuwa anamtazama kaka yake, ambaye alikuwa amegeuka na bado ameshika nyuma ya sikio, uso umeanza kuelewa.

"Nani..." Osmund aliuliza, na safari hii walisubiri wote. "Nani alikuwa... anasema?"

"Ni mimi, kaka. Mimi na sauti ya baba. Nilikudanganya."

Osmund aliitikia kwa kichwa, polepole. Hakukasirika, au kama alikasirika, hasira yenyewe ilikuwa bado njiani.

5

Waliteremka kwa miguu kwenda Ipogolo, mteremko mrefu, pikipiki za umeme zikiwapita kimyakimya. Sabina alitangulia mbele hatua kumi na tano, mgongo umekakamaa, hataki kusemeshwa. Leso yake ilikuwa imelowa. Nyuma walifuata wengine watatu, Osmund katikati.

Walipopita sokoni Kikoti alimwambia Mngoni huyu anatembea kama aliyeiba, amuoneshe mifuko. Hakungoja kwa kumkodolea macho. Aliendelea na mengine, bei ya mahindi, mguu wake unaouma, nani atamrithi Osmund pale kambini. Walifika stendi ya zamani, wakaipita, wakaanza kukata kona, ndipo Osmund akageuza mfuko mmoja wa suruali nje na kusema, "Tafuta... mkia wako." Kikoti akaangua kicheko barabarani.

Gaudensia hakucheka nao. Swali lilikuwa limemkaa kooni tangu Jumanne, na sasa hakukuwa na kidude cha kulijibu. Alikitoa kidhibiti mkobani, akakiweka kwenye kiganja cha kaka yake ili akione.

"Kaka, hiki ndicho kinachokiwasha," alisema. "Nikiwashe tena, au kife? Utakavyosema ndivyo nitakavyofanya."

Osmund alikigeuzageuza. Waliendelea kushuka. Gaudensia alihesabu nguzo za taa kumi na moja na kila nguzo alitaka kumsaidia, kumpa maneno mawili achague, kumpa moja. Alifumba mdomo mpaka taya likauma. Walipita kituo cha maji. Walipita mashine ya kusaga. Walipofika darajani Osmund alisimama, akaushika ukingo, Ruaha Mdogo unapita chini yake.

"Nyumbani," alisema. "Kiwe... nyumbani. Nisimchome... mtoto."

Walisubiri.

"Ukikiwasha... niambie. Kila... siku." Alivuta pumzi, na pumzi ilikuwa yake. "Asubuhi... hapana. Asubuhi... ya Kikoti."

"Sawa, kaka."

Hakuwa amemaliza. Midomo ilikuwa bado inahangaika na kitu, inakifungua na kukifunga, mishipa ya shingo imemsimama. Alikuwa anatazama mbele, kwa mwanamke aliyekuwa ameshavuka daraja anaondoka zake na leso mkononi. Alijaribu, likakataa. Alijaribu tena. Kikoti alimshika bega kama alivyomshika kwenye kona raundi mia na zaidi.

"Sa..." Osmund alisema. Kisha akaita kwa sauti yake ya zamani, nzito, ikavuka daraja lote. "Sabina."

Ng'ambo ya mto Sabina alisimama. Hakugeuka mara moja, kisha akaketi kwenye mwisho wa ukingo wa daraja, akawasubiri.